Adesi Zilizooza Mchangani

Kalangalala, Geita
Agosti 1986

Mama,

Huu ni mwaka wa kumi na mbili tangu tupakiwe kwenye lori pale Tinde, na wa kumi tangu tukuzike. Kabula alikuwa hapa wiki iliyopita akasema ni tisa, tukabishana mbele ya mke wangu kama watoto. Yeye hauhesabu ule mwaka wenyewe uliofariki. Mimi nauhesabu.

Nakuandikia kwa Kiswahili, lugha uliyoisema kwa kurukaruka, kwa sababu ndiyo niliyofundishia miaka yangu yote. Kisukuma chetu sikuwahi kufundishwa kukiandika, na kila nikijaribu naona naandika kama mgeni aliyekaa nchini miezi mitatu. Mdomoni ulikuwa Mayu. Hapa kwenye karatasi utakuwa Mama.

Kabula alikuja na kuku mmoja, mfuko wa michembe ya viazi, na ujumbe. Watu wanarudi kwenye mahame yao. Hakuna aliyewaruhusu, ila hakuna anayewazuia tena. Mtu alikwenda kulima, akajenga kibanda cha kupumzikia, kibanda kikapata mlango, mlango ukapata mke. Sasa wazee wa pale Tinde wamepanga kukaa pamba ikishavunwa, wasikilize nani alikuwa wapi kabla ya kuhamishwa. Kwenye kiwanja chetu anaishi mjane anayeitwa Mama Minza. Nisipokwenda kusimama na kusema kwamba hapa ni pa mama yangu, kiwanja kitakuwa chake moja kwa moja.

"Mimi nikisema wataniambia nirudi kwa mume wangu Kahama," alisema Kabula. "Wewe ndiye mwanamume, kaka, na wewe ndiye mwalimu. Njoo useme maneno mawili tu."

Maneno mawili. Nimekaa nayo siku sita, na kabla ya kumjibu yeye nimeona nikujibu wewe.

Ngoja kwanza niseme bustani ilivyokuwa, maana nadhani nimebaki peke yangu ninayeikumbuka kwa vipimo. Ilikuwa hatua arobaini kwa ishirini na tano, nyuma ya nyumba, ndani ya uzio wa minyaa, pale ardhi inapoanza kuteremka kuelekea mbugani na udongo kugeuka kutoka mwekundu kuwa mweusi. Kiangazi ulipasuka nyufa za kuingia mguu wa mbuzi. Masika ulininasa viatu asubuhi moja nikiwahi shule, nikafika darasani na kiatu kimoja, na wanafunzi walinyamaza kwa adabu mpaka nilipowageuzia mgongo kuandika ubaoni.

Wenzako walipanda dengu huko mbugani, za kuuza. Wewe ulipanda dengu kama wao, lakini nyuma ya nyumba ulipanda adesi, na hakuna mwingine aliyezipanda kutoka kwetu hadi barabarani. Mbegu alikupa Mama Zubeda, mke wa mwenye duka, ambaye kwao ni Tabora na kabla ya Tabora ni pwani. Alikupa konzi moja, kwa kuwa ulimpelekea maziwa alipojifungua. Zilikuwa punje ndogo, nyeusinyeusi, zenye madoa kama yai la kwale. Yeye alizila mwezi wa Ramadhani. Wewe ulizila Ijumaa za Kwaresima, zimekaangwa kwa samli na kitunguu, kwa ugali wa mtama.

"Mama Masanja, unakula futari yangu na hujafunga," alikuwa akikutania uani.

Nawe ukamjibu kwa Kiswahili chako cha vipande: "Mimi siku arobaini. Wewe thelathini. Nani ana njaa hapa?"

Alicheka mpaka akashika ukuta.

Adesi ulizipanda mvua ikishaaga kabisa. Kila siku tatu nne ulikwenda bustanini, ukachukua bonge la udongo ukalifinya. Likitoa maji, bado. Likishikamana kama ugali, bado kidogo. Likishikamana, kisha ukaliachia likavunjika mguuni pako, siku imefika, na siku hiyo hata Padri angekuja asingekukuta ndani. Ulitoboa kwa kijiti, ukatia punje mbili, ukafunika kwa kisigino. Baada ya hapo hukuzipa tone. Zilikunywa unyevu uliobaki chini, na ile baridi ya Juni ikazitosha. Ulizing'oa asubuhi umande ungali juu yake, maana jua likishapanda maganda hupasuka na punje kumwagika ardhini. Mbegu uliichanganya na majivu ukaitia kwenye kibuyu, ukakiziba kwa gunzi la hindi, ukakitundika juu ya mafiga.

Na kila mwaka ulipanda nusu tu ya mbegu. Nusu nyingine haikushuka pale juu mpaka uone ile ya bustanini imezaa. Nilikuwa mtu mzima mwenye watoto nikikuona ukifanya hivyo, na nikifikiri ni uchoyo wa wazee.

Mwaka wa operesheni ya vijiji tuliitwa walimu, tukapewa madaftari. Kazi yetu ilikuwa kuandika kaya. Yetu niliiandika ya kwanza, ili wengine wasiseme mwalimu anawaficha wa kwao. Mbele ya kila jina palikuwa na nafasi ya kujaza kama mwenye kaya amekubali kuhamia kijijini. Nilijaza "amekubali" kuanzia juu mpaka chini, kwa mwandiko mzuri. Sikumuuliza mtu yeyote. Sikukuuliza hata wewe, na ulikuwa umekaa hatua tano kutoka mezani kwangu, unapepeta.

Sitajificha nyuma ya kusema kwamba niliamriwa. Niliamriwa, ndiyo. Lakini pia niliamini. Nilikuwa nimesoma kila kijitabu kilicholetwa shuleni, na nilikuwa nikiona bomba la maji na zahanati kama ninavyoona karatasi hii. Watu walioamini kama mimi wamefanya mabaya mengi kwa sauti ya upole.

Uliniuliza swali moja tu. "Huko tunakokwenda kuna udongo mweusi?"

Nikasema, "Upo, Mama."

Sikuwa nimefika huko hata siku moja.

Lori lilikuja Agosti, adesi zikiwa zimekwisha kuvunwa. Hilo nililishukuru, nikaliona ni dalili njema. Vijana walipanda juu ya nyumba wakaanza kung'oa paa, na mmoja wao akakuita kwa furaha tu, bila ubaya: "Panda, bibi, huko kuna shule!" Ukanionyesha kwa kidevu. "Shule nimeizaa mwenyewe. Hii hapa inashika karatasi." Watu walicheka, nami nikacheka. Kisha ukapanda na kibuyu chako, ukakipakata safari nzima, na hukugeuka kutazama nyuma. Mimi niligeuka. Minyaa ilikuwa imesimama kuzunguka kitu ambacho hakikuwepo tena.

Huko kulikuwa na mchanga. Mchanga mweupe juu, na chini yake, ukichimba urefu wa mkono, pamekakamaa kama saruji, hivyo maji hayana pa kwenda. Uliushika, ukaufinya, ukaachia vidole. Haukushikamana hata kidogo. Ulinitazama. Nilianza kuzungumzia kuni.

Sasa nifike kwenye jambo lenyewe. Kabula halijui. Hakuna anayelijua.

Mvua za kwanza zilipokaribia, bwana shamba alitangaza kwamba kila kaya ipande kila ilicho nacho, kwa mistari, mapema, mvua ya kwanza ikigusa ardhi, na kwamba mkaguzi angepita. Kwa mahindi na pamba lilikuwa neno zuri. Lakini halikusema mahindi na pamba. Lilisema kila mbegu, na mimi nililishika kama lilivyo. Shamba la mama yake mwalimu lilikuwa liwe la mfano. Nilikuja kwako na kamba ya kunyooshea mistari, nikakwambia ushushe kibuyu.

"Adesi hazipandwi na mvua," ulisema. "Hupandwa mvua ikishaondoka."

Nikakwambia hayo yalikuwa mambo ya Tinde. Nilisema hivyo, Mama. "Hayo yalikuwa mambo ya Tinde, na Tinde imekwisha." Ukasema basi tupande nusu. Nikasema mkaguzi akikuta mbegu imefichwa ndani, aibu itakuwa yangu. Nikakishusha mwenyewe kibuyu, nikang'oa gunzi, nikamwaga zote kwenye ungo. Wewe ulishika kijiti ukatoboa mahali nilipokuonyesha, kando ya kamba, mpaka punje ya mwisho. Kisigino chako hakikupata udongo wa kusukuma. Mchanga ulikuwa ukirudi wenyewe.

Ziliota. Hilo ndilo lililonipumbaza. Baada ya siku kumi mistari ilikuwa kijani na imenyooka, na mkaguzi alisimama pale akasema mbele ya watu, "Hivi ndivyo inavyotakiwa." Nilikutafuta kwa macho ili uone. Ulikuwa umeingia ndani.

Kisha mvua ikanyesha juma zima. Maji yakasimama kwenye mchanga. Majani yalianza kugeuka njano kuanzia chini, mashina yakawa laini kama uzi uliolowa, na asubuhi moja mstari mzima ulikuwa umelala. Nilivuta shina moja. Mzizi ulibaki ardhini, na mkononi nikabaki na harufu. Adesi zote za Mama Zubeda, zile za miaka yote, zilioza katika siku nne.

Ulikiosha kibuyu, ukakianika. Na kuanzia siku hiyo hukuniita tena Masanja. Uliniita Mwalimu, kama walivyoniita watu wengine wote. "Mwalimu, chakula tayari." "Mwalimu, kuna mgeni." Kwa adabu kamili. Mke wangu alifikiri unajivunia mwanao.

Ungenitukana, Mama. Wanawake wa kwetu wanajua kutukana, na wewe ulikuwa hodari miongoni mwao. Nilikusikia siku ng'ombe wa jirani alipoingia bustanini. Ungenitukana tukamaliza. Miaka miwili ya "Mwalimu" ilikuwa mirefu, na bado sijui kama ulinikusudia adhabu au kama kweli ulikuwa umesahau nilikuwa nani.

Nilijaribu kurekebisha. Mama Zubeda hakuwepo tena, duka lao lilikuwa limefungwa na wao wamerudi Tabora. Nikaenda Shinyanga mjini, nikazunguka, na huko Ngokolo nikapata duka lenye adesi, nikakuletea mfuko mzima. Nilikukabidhi kwa mikono miwili. Ulifungua, ukamimina kiasi kiganjani, ukazisogeza kwa kidole gumba. Zilikuwa nyekundu, nzuri sana. Halafu ulicheka, kicheko chako chenyewe cha zamani, mpaka kikohozi kikakushika.

"Mwalimu, umeniletea zilizomenywa zikapasuliwa. Hizi hata kuku anajua ni za sufuria."

Nilikuwa nimefundisha sayansi darasa la saba. Nilikuwa nimechora mbegu ubaoni, ganda lake na kiini chake, kwa chaki za rangi. Tulizipika Ijumaa hiyo. Ulisema ni tamu.

Ulifariki katikati ya Kwaresima, kwa kile kifua. Hukuomba kurudishwa Tinde. Nilikuwa nasubiri uombe, nikiwa na jibu langu tayari kwamba gari halipatikani, na hukunipa nafasi ya kulitoa. Tulikuzika kwenye mchanga ule, karibu na shule. Mwaka uliofuata nikaomba uhamisho, nikaletwa huku.

Geita usingeipenda. Mwalimu mstaafu hapa ni mtu wa kuonewa huruma. Mke wangu anawauzia wachimbaji wa dhahabu vitumbua, na anaheshimiwa kuliko mimi. Nina bustani ndogo nyuma ya nyumba, udongo mwekundu wenye mawe, na siwezi kuinama na jembe bila mtu kusimama njiani.

"Shikamoo, mzee. Umeona kitu hapo?"

"Marahaba. Nimeona udongo."

"Udongo wenyewe ndio huo, mzee! Tuachie tuchimbe, nusu kwa nusu."

Wengine hawangoji jibu. Huokota jiwe kwenye tuta langu, wakaligonga, wakalilamba, wakalitupa juu ya mchicha.

Miaka mitano iliyopita nilipata Mwanza adesi nzima, zisizomenywa. Nimekuwa nikizipanda. Mwaka wa kwanza nilipata majani. Mwaka wa pili kuku walizila. Mwaka wa tatu nilifinya bonge mpaka likavunjika mguuni pangu, nikapanda siku hiyo, na nikavuna bakuli moja. Udongo si wenyewe, mvua za huku zinachelewa kuondoka, lakini mwaka huu nimepata mabakuli mawili na nusu. Nilipanda nusu tu. Ni kubwa kuliko zako, na zimepauka, za kijivu kijani. Hazina madoa.

Kabula alipofika zilikuwa juani, juu ya mkeka.

Aliweka kuku chini akiwa bado amefungwa miguu. Akapiga magoti, akazishika kwa mikono miwili. Unajua aliolewa kabla Mama Zubeda hajakupa ile konzi. Alizila kwako akija kusalimia, zikiwa zimeshapikwa, wala hakuwahi kuziona mbichi. Akaanza kulia. "Za mama," alisema. "Kumbe ulizitunza. Miaka yote hii, Masanja, na hukusema."

Sikusema hata pale. Nilisema, "Inuka, umechoka na safari."

Hapo ndipo nilipokosa mara ya pili, na safari hii hakuna bwana shamba wa kumtaja. Kwa siku mbili alizungumza habari hiyo tu. Nije nazo kibuyuni mbele ya wazee, alisema. Pale Tinde wanaokumbuka wote wanakumbuka kwamba adesi zilikuwa za kwetu peke yetu. Wakiziona mkononi mwangu hawatauliza zaidi, Mama Minza ataambiwa afungashe, na mbegu itarudi kwenye udongo wake. "Mama atafurahi," alisema. Alikuwa na uso wa msichana.

Nilimuuliza Mama Minza ametoka wapi.

"Naye walimhamisha. Kwao palipitishwa barabara. Lakini si wa pale, kaka."

"Ana watoto?"

"Wanne. Sasa hilo ni letu?"

Nimewaza, Mama. Ni kweli kiwanja ni chako. Ningesimama pale na kila neno langu lingekuwa kweli, isipokuwa mbegu. Lakini wazee watakaokaa ni wale wale niliowaandika. Mzee mmoja nilijaza amekubali akiwa kitandani, hawezi kuongea. Nitawaeleza nini, kwamba dada yangu na mimi tulionewa? Yule mjane alitolewa kwao na daftari la mwalimu mwingine kama mimi, mwenye mwandiko mzuri kama wangu. Nami nimtoe kwa adesi za dukani Mwanza.

Usidhani ni wema. Wema ungekuja mwaka ule, kwenye ile nafasi ya kujaza. Sehemu yake kubwa ni woga. Naogopa kusimama kwenye udongo ule mweusi na watu wanisalimu vizuri. Na iliyobaki ni hasira, na hasira hiyo sijui nimpelekee nani, kwa kuwa walioniamuru wamestaafu kama mimi na wanapanda mchicha.

Nimewaandikia wazee barua fupi. Nimesema kwamba mimi ndiye niliyeandika majina ya upande wetu. Kwamba mama yangu hakuulizwa, nami nikajaza kwamba amekubali. Kwamba wao pia sikuwauliza. Na kwamba sina neno dhidi ya Mama Minza. Mke wangu aliisoma, nami nilipokwisha kufunga bahasha akaniuliza kama nina hakika. Nikamwambia gundi imekwisha kukauka.

Kwa Kabula siandiki. Ahadi ninayokupa ni hii moja: Jumatatu nitapanda basi la Kahama mpaka kwa mume wake, nitamkalisha chini, na nitamwambia kwa mdomo wangu mbegu yako ilikwendaje, nani alishusha kibuyu, na kwamba zile alizozishika na kulia si zako. Aliondoka hapa akifikiri kuna kitu chako kimebaki. Atakasirika sana, na kiwanja nacho nitakuwa nimemnyang'anya. Huenda asinipokee tena nyumbani kwake. Nitakaa hapo mpaka amalize kunitukana, hata ikichukua siku mbili.

Kwa heri, Mayu. Pumzika, ingawa najua nilikulaza mahali usipopataka. Mimi nitazikwa huku, kwenye mawe ya watu wanaotafuta dhahabu.

Tinde sirudi.